Umeinuka Kutoka Sijda Ukaona Giza

Ndugu zangu wa Faza, wazee wangu, mama zangu, nanyi vijana mnaoyasoma haya barazani: neno langu leo ni kwa yule ambaye kila akiinuka kutoka sijda, macho humzimikia. Sisemi kizunguzungu cha njaa ya Ramadhani. Nasema giza, au ukungu wa kijivu, unaofunika macho yote mawili kwa sekunde chache kisha ukaondoka, naye akamaliza rakaa zake kana kwamba hapakuwa na kitu. Akitoa salamu, hamwambii mtu. Kesho yake hivyohivyo. Adhana ya alfajiri ikimwamsha, kichwa kinamgonga. Akikohoa, kinataka kupasuka. Pengine hutapika kabla hata ya kuonja chai. Usiku akilaza kichwa, husikia sikioni mvumo unaokwenda na mapigo ya moyo.

Wewe, usinyamaze! Mwili wako umeadhini, nawe umelala!

Sikilizeni jinsi Mola alivyotuumba. Ubongo umezungukwa na maji. Mwili hutengeneza kama nusu lita ya maji hayo kila siku, na kiasi hichohicho hurudi kwenye damu. Mshipa wa fahamu unaotoka jichoni kwenda ubongoni nao umevikwa ala yenye maji hayohayo. Ndani yake mna nyuzi zaidi ya milioni moja, na zote hupita mahali pamoja nyuma ya jicho, kiduara cha upana wa milimita moja na nusu hivi. Madaktari hukiita diski. Shinikizo la maji likipanda kichwani, diski huvimba: kingo zake hufifia, vishipa vya damu hutuna, pengine damu huvuja pembeni. Huvimba katika macho yote mawili, maana ugonjwa wenyewe hauko jichoni. Uko juu zaidi.

Na hapa ndipo wengi wanapopotea. Msimamishe mtu huyu mbele ya chati ya herufi, atakusomea mpaka mstari wa chini! Uoni wa katikati hubaki mzuri muda mrefu huku wa pembeni ukiliwa kidogo kidogo. Anaambiwa macho ni mazima, ananunua miwani, anarudi nyumbani ameridhika. Siku atakapoanza kugonga bega kwenye kuta za vichochoro alivyovipita tangu utoto, nyuzi nyingi zitakuwa zimeshakufa, na zikifa hazioti tena. Chati haioni nyuma ya jicho. Anayeona ni mwenye oftalmoskopu mkononi, kile kitochi chenye lenzi ambacho asili yake ni chombo alichokitangaza Helmholtz huko Ujerumani mwaka 1851. Mwaka 1860, Graefe wa Berlin akaeleza diski zilizovimba kwa watu wenye uvimbe kichwani. Yaani elimu hii ina zaidi ya miaka 160, na bado mtu apofuke kwa kukosa kumulikwa? Ni kazi ya dakika chache tu, katika chumba chenye giza, pengine na tone la dawa la kupanua mboni. (Wako waliozaliwa na diski zilizoinuka na hawana ugonjwa wowote. Hilo nalo ataamua mwenye kuangalia, si mimi wala jirani yako.)

Msiseme haya ni mambo ya Ulaya. Kilifi, pwani yetu hii hii, watafiti walipima shinikizo ndani ya vichwa vya watoto wenye malaria ya ubongo, na mwaka 1991 wakachapisha waliyoyaona: shinikizo lilikuwa limepanda. Na madaktari waliowamulika macho watoto wa namna hiyo walikuta kwamba mwenye diski zilizovimba yumo katika hatari kubwa zaidi ya kufa. Basi mama, mwanao akishikwa na homa na degedege, kisha ukamwita asiamke, unangoja nini? Unafukiza ubani wa nini saa hiyo?

Sikukatazi kombe. Andikiwa, kunywa, soma dua. Lakini sahani haijakauka uwe umeshatoka kwenda hospitali. Mtume (s.a.w.) aliamrisha watu watafute tiba. Anayemwambia mgonjwa akae kwa sababu ni jini limempanda, na hajampima hata presha, atajibu nini kesho?

Presha! Hiyo ndiyo inayojificha majumbani mwetu. Ng'onda tunaila, na chumvi yake tunaila, achari juu, miraa jioni, kisha twasema fulani alikuwa mzima akaanguka ghafla. Hakuwa mzima. Presha ikifika 180 kwa 120 na kuendelea, inaweza kuvimbisha diski zote mbili na kuvujisha damu nyuma ya macho, na ubongo, moyo na figo vikaumia wakati huohuo. Ukikutwa hivyo, usikimbilie vidonge vya shemeji ukameza vinne kwa pupa. Presha ya namna hiyo hushushwa kwa utaratibu, chini ya macho ya daktari. Ikishushwa kwa kishindo, jicho hukosa damu na unaweza kupofuka kwa dawa yenyewe.

Si presha peke yake. Kuna uvimbe wa ubongo, kuna homa ya uti wa mgongo, kuna kifua kikuu kilichopanda kichwani, kuna damu kuganda katika mishipa ya ubongo, ambayo humpata mzazi aliye arubaini. Kuna wanawake vijana walionenepa upesi, shinikizo likawapanda na picha ya kichwa isionyeshe uvimbe wowote; hao husaidiwa na vidonge vya asetazolamidi na kupunguza uzito, wala si wa kuchekwa. Na wewe kijana unayekunywa kwa kificho: Mei 2014 pombe yenye methanoli iliua makumi ya watu Embu, Kiambu na kwingine bara, na miongoni mwa walionusurika wako waliobaki vipofu. Methanoli huua mshipa wa jicho.

Sasa nije kwenye hofu kubwa kuliko zote: kutolewa maji mgongoni. Nimeyasikia maneno yenu! «Akichomwa sindano ya mgongo hainuki tena.» Nani kawaambia? Wengi hukataa siku ya kwanza, hukataa ya tatu, hukubali mgonjwa ameshazimia. Akifa, sindano ndiyo inayobeba lawama. Daktari anayejua kazi yake akiona diski zimevimba hutaka kwanza kichwa kipigwe picha, siti skani, kwa sababu kama kuna uvimbe mkubwa ndani, kutoa maji kunaweza kuwa hatari. Picha ikiwa salama, sindano huingia chini kiunoni, mahali ambapo uti wa mgongo wenyewe umeshakwisha. Maji hayo ndiyo yatakayosema ni homa ya uti au sivyo. Na wako wagonjwa, hasa wenye homa ya uti itokanayo na ukungu wa kriptokoka, ambao kutolewa maji mara kwa mara ndiko kunakowaokoa. Wazee wa familia, nyinyi ndio mnaoulizwa kabla ya fomu kutiwa saini. Msimzuie mgonjwa!

Najua safari yetu. Kutoka hapa hadi Lamu ni boti, Lamu hadi Mokowe boti, Mokowe hadi Mombasa basi, na kusi likivuma bahari haimjui mgonjwa. Kwa hiyo nawaambia manahodha: kiti cha mgonjwa wa kichwa na macho kisingoje boti ijae. Wenye uwezo mchangie nauli kabla hamjaombwa. Na kila nyumba ijisajili katika bima ya afya ya SHA, iliyochukua nafasi ya NHIF Oktoba 2024, wakati watu wake wangali wazima, si kwenye lango la hospitali.

Mgonjwa, dini imekupa ruhusa ya kusali umeketi, au kwa ishara. Ichukue. Ukifika kwa daktari, usiseme tu kichwa kinauma, ukapewa Panadol ukarudi. Sema: «Macho yangu yote mawili yanazimika nikiinuka kutoka sijda. Nipime presha, kisha nimulike nyuma ya jicho.» Akikwambia hana chombo, usiondoke bila barua ya rufaa, na boti ya kesho asubuhi uwe ndani yake.