Ardhi ya Umma ni Mali ya Nani?

Wanafunzi wetu hapa Uganda, watakapo kutaja kiwanja kilicho wazi, msitu au kinamasi, husema "ardhi ya serikali". Mara nyingi tumewasahihisha matamshi na upatanisho wa sarufi, lakini maana ya usemi wenyewe tumeipita bila kuigusa. Kwa hakika serikali si umma. Katiba ya mwaka 1995, katika ibara ya 237, yaeleza kwamba maziwa ya asili, mito, vinamasi na misitu ya hifadhi vimo mikononi mwa serikali kwa niaba ya wananchi, nao ndio wenyewe. Kiswahili kina neno linalofaa hapa: amana. Mwenye kuwekewa amana hawezi kuiuza. Akiiuza ameuza kisicho chake, na aliyenunua hakununua kitu.

Maneno hayo ni mepesi kusema, ila yana mtu wa kuumia ndani yake. Je, aliyenunua kwa nia njema ana kosa gani?

Tuitazame kesi ya Nyali, Mombasa, ambayo huenda walimu wenzetu wa Kenya wanaifahamu kuliko sisi. Mwaka 1989 kipande cha ardhi kilichoachwa wazi katika mpango wa mji, ili watu wapate njia ya kufika ufukoni, kiligawiwa rais wa nchi wa wakati ule. Baadaye kikauzwa, hata kikaingia mikononi mwa kampuni moja iliyopewa hati iliyosajiliwa. Mwaka 2017 serikali ya kaunti ikaja ikaubomoa ukuta ili kuifungua njia ya baharini. Kampuni ikashtaki, ikashindwa. Ikakata rufani, ikashindwa tena. Mwezi wa Aprili 2023 Mahakama ya Juu ikatoa neno la mwisho: hati peke yake si ngao, sharti ichunguzwe jinsi ilivyopatikana tangu asili yake. Ikiwa asili ni haramu, nia njema ya mnunuzi haiihalalishi.

Hoja ya mnunuzi tusiidharau. Mtu aende katika ofisi ya ardhi, apekue daftari, alione jina la muuzaji, alipe, apigiwe muhuri. Asipouamini muhuri wa serikali aamini nini? Hata hivyo, tukisema kwamba mauzo ya pili yanaitakasa hati, mnyang'anyi hatahitaji hila nyingine ila kuuza upesi. Na wale waliozibiwa njia ya pwani, ambao hawakuuza wala hawakununua, nao wana kosa gani? Twaona hukumu ile ni ya haki.

Ni ya haki, lakini haikumaliza jambo. Ikiwa mnunuzi kweli hakujua, ni nani wa kumfidia? Tukisema hazina ya serikali, basi umma utakuwa umelipa mara mbili, kwanza kwa ardhi yake, kisha kwa kodi yake. Karani aliyeandika, mpima ardhi aliyechora mipaka mahali palipokuwa njia, na mkubwa aliyetoa amri, hao ni nadra kuonekana kizimbani. Pengine wamekwisha kustaafu, nao wanapokea heshima kanisani au msikitini. Sisi twasema fidia itoke kwao kwanza, hata kama ni kwa kuuza walivyo navyo.

Tena sheria haifiki kwa kila mtu kwa mwendo mmoja. Mwezi wa Juni 2024 nyumba za watu zilibomolewa katika kinamasi cha Lubigi, pembezoni mwa Kampala. Kinamasi kile hupokea maji ya mvua ya mji, na kukijaza udongo ni kuwaletea wengine mafuriko. Hatuwezi kuwatetea waliojenga pale na huku tukiisifu hukumu ya Nyali. Kanuni ni ile ile. Lakini mwenye mali huweza kuajiri wakili na kusikilizwa miaka kadhaa, mwenye vyumba viwili hubaki na mabati yake kando ya barabara. Kumwondoa ni jambo moja. Kumwondoa bila kumwuliza ni nani aliyemuuzia ni jambo jingine.

Nasi walimu tusijitoe katika hesabu hii. Katika shule moja tuliyopata kufundisha, asubuhi moja tulikuta vigingi vya mipaka vimesimikwa ndani ya uwanja wa michezo, karibu na goli. Tulikuwa zaidi ya kumi katika chumba cha walimu. Hakuna aliyeandika barua, wala aliyekwenda kuuliza kwa mkuu wa wilaya. Tulisema ni ardhi ya serikali, serikali itajua. Mwaka uliofuata ukajengwa ukuta, na wanafunzi wakahamia kucheza barabarani.