Saa Kumi kwa Siku

Soma Mwanzo 2:1–3, Kumbukumbu la Torati 5:12–15, Amosi 8:4–6. Je, wakati ni mali ya nani? Na anayeutunza wakati mtakatifu anatambulikanaje na wale wanaoishi chini ya mkono wake?

Mwaka 1793 serikali ya mapinduzi nchini Ufaransa iliamua kuhesabu wakati upya. Miaka haikuhesabiwa tena tangu kuzaliwa kwa Kristo, bali tangu Septemba 22, 1792, siku ya kwanza ya Jamhuri. Kila mwezi ulipewa siku 30, nazo ziligawanywa katika mafungu matatu ya siku kumi kumi. Siku nayo ilikuwa na saa 10, kila saa dakika 100, na kila dakika sekunde 100. Mafundi walitengeneza saa za namna hiyo, na baadhi yake zimehifadhiwa katika majumba ya makumbusho hadi leo. Siku tano zilizobaki mwishoni mwa mwaka zilifanywa sikukuu: ya Wema, ya Kipaji, ya Kazi, ya Maoni na ya Thawabu. Mwaka 1794 iliamriwa kwamba kila siku ya kumi nayo iwe na sherehe yake.

Si kila jambo katika mpango huo lilikuwa baya. Vipimo vya Ufaransa vilitofautiana toka mji hadi mji, na maskini aliweza kupunjwa kwa urahisi. Sheria ya Aprili 7, 1795 iliweka mita, lita na gramu, vipimo ambavyo leo vinatumika hata sokoni kwetu. Lakini sheria hiyo hiyo ndiyo iliyosimamisha matumizi ya lazima ya saa ya sehemu kumi. Juma la siku kumi nalo lilikwenda kwa kusukumwa. Mwaka 1798 maduka yalilazimishwa kufungwa kila siku ya kumi, huku watu wengi wakiendelea kuishika Jumapili yao. Wafanyakazi walikuwa wamebadilishiwa pumziko la siku moja katika saba kwa pumziko la siku moja katika kumi. Januari 1, 1806, kalenda ya zamani ilirudi.

Historia hiyo peke yake haithibitishi Sabato, maana watu wale hawakuwa wakiitetea siku ya saba. Hata hivyo, inafundisha jambo moja. Mwanadamu ana uhuru wa kuchagua kijiti cha kupimia kitambaa au jiwe la kupimia unga. Mwezi una mwandamo wake, na mwaka una misimu yake (Mwanzo 1:14). Juma halina alama yoyote angani. Lilitoka katika neno la Mungu, aliyemaliza kazi yake, akapumzika, akaibariki siku na kuitakasa. Saa inaweza kueleza jua litazama dakika gani. Haiwezi kuifanya siku kuwa takatifu.

Hapa pana onyo hata kwa mshika Sabato. Wafanyabiashara wa siku za Amosi hawakuibadili kalenda. Waliijua Sabato, wakafunga biashara, kisha wakaketi wakiulizana itakwisha lini ili wauze ngano. Watu hao hao waliipunguza efa na kuidanganya mizani. Nabii hatenganishi makosa hayo mawili. Aliyeuona wakati wa Mungu kuwa hasara aliyaona pia maisha ya maskini kuwa mtaji.

Kumbukumbu la Torati 5:14 inalipeleka jambo hili hadi nyumbani: mtumishi apumzike kama bwana wake. Fikiria familia iliyokusanyika sebuleni Ijumaa jioni kwa ibada ya kufungua Sabato. Vitabu vya nyimbo viko mikononi, na hakuna aliyechelewa hata dakika moja. Jikoni, dada wa kazi bado anasugua sufuria, na kesho ataamka kabla ya wote ili awapashie wageni chakula. Saa ya ukutani haina kosa. Lakini katika nyumba hiyo, ni nani amepewa Sabato?

Mtu anaweza kujibu kwamba chakula lazima kiliwe na mgonjwa lazima auguzwe. Ni kweli. Yesu mwenyewe alikumbusha kwamba ng'ombe hufunguliwa siku ya Sabato apelekwe kunywa maji, kisha akamtetea mwanamke aliyekuwa amefungwa miaka 18 (Luka 13:10–17). Ila katika mfano huo kazi ya Sabato ilifungua kamba. Haikumfunga mwingine ili mwenye nyumba astarehe. Siku ya Maandalio ina maana hapa. Kazi ikigawanywa mapema, baba akateka maji na watoto wakaosha vyombo, jua linapozama kiti cha dada wa kazi nacho kitakuwa na mtu.

Maswali ya Kujadili

1. Mtu anaweza kushika saa za Sabato kwa usahihi na bado akaivunja. Kwa njia zipi?

2. Je, mwajiri Mwadventista ana wajibu gani kwa mlinzi au mfanyakazi wake ambaye si wa imani yake?

3. Katika nyumba yako, ni nani anayechoka zaidi siku ya Sabato? Ni kazi gani mtaihamishia Ijumaa, na nani ataifanya?