Kutii Kabla ya Hukumu

Aliyefutwa kazi jana anapowasilisha ombi la dharura katika Mahakama ya Leba mjini Nairobi, jaji anatakiwa kuamuru kabla hajajua nani mkweli. Sheria ya 2011 ya mahakama hiyo, pamoja na kanuni zake, inamruhusu, hata kwa kusikiliza upande mmoja. Kipimo chake ni cha kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973: dai liwe na mashiko, hasara iwe ya kutofidika kwa pesa, na shaka ikibaki, itazamwe nani ataumia zaidi.

Mwajiri aitii kwa nini amri hiyo, ilhali huenda mwishowe haki ikawa yake? Wengi hujibu: kwa heshima ya mahakama. Jibu hilo silipendi, linamgeuza jaji kuwa mzee aliyenyimwa shikamoo. Haki ya mfanyakazi nayo bado haijathibitishwa. Amri ya muda hulinda swali lenyewe. Mwajiri akishaajiri mtu mwingine na kufuta jina la wa kwanza kwenye orodha ya mishahara, hukumu itakuta hakuna cha kuamua isipokuwa kiasi cha fidia.

Lakini swali linaweza kuuawa kimyakimya. Mfanyakazi anafunguliwa lango, anaonyeshwa kiti, kisha hapewi kazi yoyote. Je, amri imetiiwa? Anayelalamika atalazimika kuonyesha kwamba amri ilikuwa wazi, kwamba mwajiri aliijua, na kwamba aliivunja makusudi, tena kwa ushahidi mzito kuliko wa madai ya kawaida. Mara nyingi amri yenyewe husema tu hali ibaki ilivyo. Ilivyo lini? Kabla ya barua ya kufutwa, au baada? Mwajiri ataapa kwamba kufikia saa hiyo mtu alikuwa ameshaondoka. Hapo jaji hawezi kukwepa: lazima achague saa ya kuanzia, na kuchagua huko tayari ni nusu ya hukumu.

Nchini Tanzania, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kama ilivyotungwa, ilikuwa na ukweli wa aina yake. Mwajiri aliyeamriwa kumrudisha mtu kazini na hataki, alipe mishahara ya miezi 12 juu ya ile anayodaiwa. Hiyo ni amri ya mwisho, si ya muda, ila inakiri kwamba hakuna mahakama inayoweza kuamuru watu wawili waaminiane. Ninachokihofia ni kwamba kwa mwenye fedha, amri hiyo inasomeka kama ankara.

Mfanyakazi hana njia hiyo ya kulipa na kujitoa. Februari 2017 mahakama ileile ya Nairobi iliwafunga mwezi mmoja viongozi saba wa chama cha madaktari kwa kukaidi agizo la kusitisha mgomo. Mahakama ya Rufani iliwaachilia baada ya siku chache, na mgomo ukaendelea hadi Machi.