Ushanga Mweusi wa Ugogo

Wamarekani wakitaka kujua bibi zao walivaa nini na walipikia nini, hufungua katalogi kubwa za Sears, duka lililoendelea kuzichapisha hadi 1993. Picha zipo, bei zipo. Sisi wa Dodoma tukimtafuta Mgogo wa 1871, tunaishia kwenye orodha ya manunuzi ya mpita njia: Henry Morton Stanley, aliyefungasha mizigo Zanzibar kabla ya kuvuka Ugogo. Merikani, kaniki, shanga.

Je, ni haki kuwasoma watu kupitia mkono wa aliyewadharau?

Kwangu ni haki, ila tuanze na mizigo, maneno yake baadaye. Stanley analalamikia hongo, doti kwa doti, kana kwamba maji ya nchi ile kavu hayakuwa na wenyewe. Lakini yeye huyohuyo aandika kwamba ushanga mweusi, alioutaja kwa jina la bubu, ulikuwa fedha Ugogo na haukufaa kitu kwingine. Unyamwezi walitaka mwekundu. Ukikosea rangi, umebebesha wapagazi mchanga. Basi mnunuzi alikuwa nani? Mtu wa Ugogo alikataa rangi asiyoitaka, na huko pwani ikabidi wajue. Hayo ni maamuzi yake, ingawa jina lake halikuandikwa.

Aliyekuwa hana ng'ombe wala nafaka ya kubadilishana simwoni humo. Wala kwa Sears simwoni asiyekuwa na dola.