Kusitiri na Kuficha

Nyuma ya nyumba yangu pana mteremko ambao kwa miaka mingi ulikuwa udongo mtupu. Kila masika mvua iliuchimba, na tope likateremka hadi mlango wa jikoni. Jirani yangu, mama mmoja apendaye maua, alinionea huruma. Akanikatia vishina vichache vya mmea uliokuwa ukitambaa chini ya mwembe wake, wenye majani ya mistari ya rangi ya fedha kwa juu na zambarau iliyokolea kwa chini. "Vichomeke tu, baba," aliniambia, "vitajijua vyenyewe."

Kweli vilijijua. Mmea huo ni wa jenasi ya tradeskantia, iliyopewa jina kwa heshima ya akina John Tradescant, baba na mwana, watunza bustani wa Uingereza katika karne ya 17. Asili ya jenasi hiyo ni bara la Amerika. Kila kifundo cha shina kigusapo ardhi hutoa mizizi, na kila kipande kinachokatika huweza kuwa mche mpya. Ndiyo maana wenye bustani huupanda mahali nyasi zinapokataa kuota: chini ya miti, kando ya kuta, kwenye miteremko yenye kivuli. Hukinga udongo usipigwe na matone ya mvua, huhifadhi unyevu, huyanyima magugu mwanga. Utomvu wake huweza kuwasha ngozi, lakini hilo ni dogo. Kabla ya mwaka kwisha tope lilikoma, nami nikajivunia.

Siku hizo nilikuwa mweka hazina wa chama chetu cha kuzikana. Katibu, rafiki yangu tangu utotoni, alichukua fedha za chama akaahidi kuzirudisha. Nilijua, nikanyamaza. Sisi tumelelewa kuamini kwamba stara ni utu. Mwenzako akianguka, huuiti mtaa mzima uje kumtazama. Akachukua tena, nikanyamaza tena. Kisha mjane mmoja, mwanachama asiyewahi kukosa mchango, alifiwa na mwanawe. Alipokuja kupokea haki yake, sanduku lilikuwa tupu. Alimzika mwanawe kwa deni.

Wiki chache baadaye nilikuwa nikipunguza tradeskantia iliyofika ukuta wa jikoni. Chini yake nilikuta bomba linavuja na msingi umeanza kuliwa na maji. Pale ndipo majani yalipostawi kuliko pengine pote, na mara nyingi nilikuwa nimesimama hapo hapo kuyasifu. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Lakini ataziba vipi aliyeufunika ufa kwa maua?

Tangu siku hiyo nimejiuliza: je, stara ni jina zuri la uongo? Sidhani. Udongo ulioachwa uchi huharibika, na mtu aliyeanikwa mbele ya watu huharibika vivyo hivyo. Hata hivyo, mficha maradhi kifo humuumbua. Kule Nyuzilandi, ndugu mmoja wa mmea huu, mwenye maua meupe, alipelekwa kupamba bustani akatorokea msituni. Alitandaa chini ya miti hata miche michanga ikakosa mwanga, na mwaka 2011 wataalamu wakaanza kuachilia mbawakawa kutoka Brazili ili wamle. Aliendelea kufunika, lakini hapakuwa tena na kitu kilichokua chini yake.

Ajabu ni kwamba jenasi hiyo hiyo hufichua pia. Ziko aina ambazo vinyweleo vya ndani ya ua lake, vyenye rangi ya buluu, hutokeza seli za waridi vikipigwa na mionzi ya nyuklia. Wanasayansi wamezitumia kupima hatari ambayo jicho haliioni.

Basi nimefikia neno hili. Aibu ya mtu yaweza kusitiriwa kwa yule isiyemhusu; haifai kusitiriwa kwa yule atakayeilipa. Mtaa haukuwa na haja ya kujua habari za rafiki yangu, bali wanachama walikuwa na haki, na mjane yule kuliko wote. Mimi niliwafunga macho wenye mali nikadhani namvika nguo rafiki. Tena, nikisema kweli, nilikuwa nikijikinga mwenyewe na siku ngumu ya kumkabili.

Nilikwenda kwa mjane nikamweleza yote, kisha nikauweka wazi mkutano wa chama. Deni lake nililipa mimi. Rafiki yangu alirudisha fedha kidogo kidogo, urafiki haukurudi.

Tradeskantia sikuing'oa. Mteremko bado unaihitaji. Ila kando ya ukuta nimeacha shubiri mbili za ardhi tupu, na kila Jumamosi nainama kuitazama.