Mchezo wa Harambee

Niliwahi kupata kibarua cha wiki mbili hapa Isiolo, kuwasaidia watafiti kuchezesha watu michezo ya pesa. Ukumbi wa kukodi, Bula Pesa (jina si utani wangu). Unapewa shilingi 200, unaamua utamgawia kiasi gani mtu usiyemjua, ambaye humwoni.

Mama mmoja muuza maziwa ya ngamia alibaki nazo zote. Nikaandika 0.

Jioni nikampata stejini akiwalipia nauli wanawake wawili. "Mama, na kule ndani je?" Akacheka. "Kule ndani nani aliniomba, kijana?"

Hiyo swali imenikaa.

Mwanafizikia hupata ukweli kwa kuondoa vitu. Mwaka 1971, David Scott wa Apollo 15 aliangusha nyundo na unyoya mwezini, vikatua pamoja. Hapa Isiolo, na huu upepo wetu, jaribu uone. Lakini hakudanganya mtu. Kanuni ipo hata hapa, hewa ndiyo inaificha. Tena unyoya haujui unatazamwa.

Mbunifu wa jiko hana raha hiyo: jiko linalofaulu maabara litakutana na kuni mbichi na sufuria ya harusi.

Na watu je? Wanasaikolojia Aronson na Carlsmith, mwaka 1968, walitofautisha jaribio linalofanana na maisha ya kila siku na jaribio linalomshika mshiriki kwelikweli. Moja laweza kuwepo bila lingine. Jean Ensminger, mwanaanthropolojia Mmarekani, alipowachezesha Waorma wa Tana River mchezo wa kuchangia mfuko wa pamoja, waliupa jina papo hapo: mchezo wa harambee. Mchezo wenyewe ulikuwa wa kubuni, ila walikuja na harambee zao zote kichwani, na hapo ukawa halisi.

Wengine watasema basi jaribio limechafuka. Mimi naona hapo ndipo lilipoanza kupima kitu. Sisi tulimpa mama yule mtu asiye na jina, asiye na uso, asiyeomba. Tulimwondolea hewa yote, halafu tukaandika kwamba hatoi.

Ile 0 sikuidanganya. Ndiyo ilivyokuwa, saa nne asubuhi, kiti cha tatu. Niliporudi kwa fomu usiku ule nikatafuta pa kuandika habari ya nauli. Hapakuwa na nafasi, na kesho yake tulikuwa na watu arobaini wakingoja.