Mbinuko na Mbonyeo: Je, Ukweli Una Pande Mbili?

Miongoni mwa istilahi zilizoingia katika Kiswahili kwa mlango wa shule, zipo mbili ambazo mtu aweza kuishi miaka mingi bila ya kuzitamka: mbinuko na mbonyeo. Wanafunzi huzikuta katika somo la sayansi, wanapofundishwa juu ya lenzi mbinuko na lenzi mbonyeo, na baada ya mtihani wengi wao huziacha huko huko darasani. Katika jiometri maneno haya hutaja nyuso zilizopinda: uso uliotokeza nje ni mbinuko, na uso ulioingia ndani ni mbonyeo. Maana hiyo ni fupi, na kamusi huimaliza kwa mstari mmoja. Lakini sisi tunaona kwamba ndani ya maneno haya limejificha swali lisilokuwa la wanahisabati peke yao, nalo ni hili: iwapo kitu kimoja chaweza kuitwa kwa majina mawili yanayopingana, na yote mawili yakawa sahihi, je, ukweli wenyewe umebaki na makao?

Yafaa tuanze na maneno yenyewe, kwani neno halizaliwi siku linapoandikwa katika orodha ya istilahi. Ilipoamuliwa mwaka 1967 kwamba Kiswahili kiwe lugha ya kufundishia katika shule za msingi za Tanzania, na Baraza la Kiswahili la Taifa likaundwa mwaka huo huo, kazi ya kuyapatia masomo msamiati ilikuwa kubwa. Maneno mengine yalichukuliwa kutoka lugha za kigeni, na mengine yalitolewa katika maneno ya nyumbani. Haya yetu ni ya nyumbani. Mtu hubinua midomo anapodharau. Sufuria iliyoanguka hubonyea, na embe bivu hubonyea likiguswa kwa kidole gumba. Kwa hiyo, kabla mwalimu hajachora mstari wowote ubaoni, masikioni mwa mtoto neno la kwanza lina harufu ya majivuno, na la pili lina harufu ya kasoro.

Harufu hiyo si jambo dogo. Wahenga walisema kuwa debe tupu haliachi kuvuma, na kwa desturi tumezoea kukidharau kilicho tupu na kukistahi kilichojaa. Lakini tukitazama vyombo tunavyovitumia, tutaona kwamba karibu vyote hutufaa kwa sababu ya mbonyeo wake. Bakuli, kata, kinu, mtumbwi, na kiganja cha mkono anachokikinga mwenye kiu penye chemchemi, vyote vingekosa kazi kama visingekuwa na shimo. Kioo mbonyeo hukusanya miale ya jua mahali pamoja hata ikachoma. Kioo mbinuko huitawanya, na kwa ajili hiyo dereva akitazama katika kioo cha namna hiyo huona eneo pana zaidi, ingawa magari huonekana madogo na ya mbali kuliko yalivyo. Huyu hukusanya na yule hueneza. Hapana aliye bora. Kila mmoja ana kazi yake.

Sasa tuje kwenye swali letu. Huko Kilwa Kisiwani, mahali palipoingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 1981, upo msikiti mdogo wa karne ya 15 unaojulikana kwa kuba zake. Fundi aliyepanda juu ya paa kuipaka kuba chokaa aliuona mgongo uliotokeza kuelekea mbinguni. Mwenye kuswali aliyeinua macho kutoka chini aliona shimo la mviringo lililomfunika. Fundi akisema ‘mbinuko’ hakusema uongo. Na aliye chini akisema ‘mbonyeo’ naye hakusema uongo. Ukuta ni mmoja, na chokaa ni ile ile. Kilichotofautiana ni mahali aliposimama kila mmoja wao.

Hapa ndipo watu wengi huridhika na kusimama. Husema: ‘Basi, kila mtu na ukweli wake.’ Maneno haya yana sura ya hekima na upole, na mara nyingi husemwa kwa nia njema ya kumaliza ugomvi. Lakini sisi ambao tumetumia sehemu kubwa ya umri wetu katika ofisi za umma, tukisikiliza mashauri ya watu, tumejifunza kuyaogopa. Kwa kawaida mwenye kuyasema ni yule ambaye ukweli ukipimwa atapata hasara.

Chukua mfano wa lumbesa, ambao mkulima yeyote anaujua. Gunia hujazwa mpaka mdomoni, kisha huongezewa nundu kubwa juu yake na kufungwa kwa kamba. Mnunuzi huligonga gunia kwa kiganja na kusema: ‘Hili ni gunia moja.’ Mkulima naye huitazama ile nundu na kusema: ‘Hilo ni gunia na zaidi.’ Huo nao ni mbinuko, tena ni mbinuko unaokula jasho la mtu. Tukisema kwamba kila mmoja ana ukweli wake, tutakuwa tumempa mnunuzi ushindi bila ya kusikiliza shauri. Ndiyo maana sheria ya vipimo huikataza lumbesa na kutaka mazao yapimwe kwa mizani. Bei yaweza kuwa kubwa machoni pa mmoja na ndogo machoni pa mwingine, na hilo ni jambo la upande. Lakini kilo hazibadiliki kwa kuwa mtu amehama kutoka upande wa mnunuzi kwenda upande wa mkulima.

Je, katika nyuso zilizopinda kuna chochote kilicho kama kilo, yaani kitu kisichojali tumesimama wapi? Tuutazame mtungi, kama ile inayofinyangwa na akina mama wa Kikisi kando ya Ziwa Nyasa. Tumboni mwake, mtungi umebinuka kila upande, ukiupapasa kwa kuuzunguka au kwa kupanda na kushuka. Lakini ukifika shingoni mambo hugeuka. Ukiizunguka shingo kwa kidole, kidole hupita juu ya mbinuko. Ukikipandisha kidole kutoka begani hadi mdomoni, hupita ndani ya mbonyeo. Mahali ni pamoja na mtazamaji ni mmoja, naye amesimama upande mmoja tu, lakini majina yote mawili yanadai haki. Istilahi zetu mbili hapa zinafikia ukingo wa uwezo wao.

Mjerumani Carl Friedrich Gauss, ambaye katika miaka ya 1820 alikuwa na kazi ya kuisimamia shughuli ya kupima ardhi ya ufalme wa Hannover, alilifikiria jambo hili hata akalitolea uthibitisho mwaka 1827. Njia yake yaweza kuelezwa kwa maneno mepesi. Mahali popote penye uso uliopinda, yatazame mapindo mawili makuu, lile linalopinda kuliko yote na lile linalolikata kwa msalaba. Pindo la kutokeza lipe alama ya chanya, na pindo la kuingia lipe alama ya hasi. Kisha zidisha moja kwa jingine. Tumboni mwa mtungi, kwa nje, ni chanya mara chanya, na jibu ni chanya. Ukiingiza mkono ndani, yote mawili yamekuwa mbonyeo: hasi mara hasi, na jibu bado ni chanya. Shingoni jibu ni hasi, ukitazama kwa nje au kwa ndani. Majina yamebadilishana nafasi, lakini tokeo halikutikisika. Hiyo ndiyo kilo tuliyokuwa tukiitafuta.

Tena Gauss alionyesha jambo lililo kubwa zaidi. Tokeo hilo laweza kujulikana hata na asiyeweza kuutoka uso wenyewe na kuutazama kwa mbali. Sisimizi anayetambaa juu ya mtungi, kama angekuwa na uwezo wa kupima, angechora pembetatu kwa njia zilizo fupi kuliko zote na kujumlisha pembe zake. Tumboni angepata zaidi ya digrii 180, na shingoni angepata pungufu. Juu ya mkeka uliotandikwa angepata 180 kamili, na hata mkeka ukikunjwa kama bomba angepata 180 ile ile, kwa kuwa pindo moja la mkeka uliokunjwa ni sifuri, na sifuri huzaa sifuri.

Kwa hakika jambo hili halikuwa geni kabisa kwa mikono ya watu wetu, ijapokuwa halikuandikwa. Muuza karanga huviringa kipande cha karatasi kikawa pia, akatia karanga zake, na karatasi haipati kunyanzi hata moja. Lakini mwambie aifunike chungwa kwa karatasi hiyo, nayo itajikunja na kuparama. Vivyo hivyo ganda la chungwa ukilibandua na kulilaza mezani, litapasuka pembeni. Mshonaji wa vikapu hushona ukili wake ubavu kwa ubavu ukawa mkeka; akitaka kikapu kiinuke na kuwa na tumbo, hana budi kuubana ukili mahali fulani na kuulegeza mahali pengine. Anajua kwamba kuna nyuso zinazolala na nyuso zisizolala. Tungekuwa na mamlaka ya kuchagua istilahi, tungeliita tokeo lile la Gauss kwa jina litokanalo na ujuzi huo, tukasema kwamba tufe ni uso usiolala. Na mwanafunzi angelifahamu kabla ya kufundishwa alama ya hesabu. Hatusemi hivi kwa kuwalaumu waliotangulia. Twasema tu kwamba mkono wa fundi ni kamusi ambayo bado haijasomwa hadi ukurasa wa mwisho.

Pengine msomaji atauliza: mambo ya chungwa na ukili yana uzito gani katika maisha ya taifa? Jibu limetundikwa ukutani katika madarasa mengi. Dunia yetu nayo ni uso usiolala. Kwa hiyo hakuna ramani bapa ya dunia nzima iliyo ya kweli katika kila jambo, wala haitapatikana, hata mchoraji akiwa hodari namna gani. Ni lazima kitu fulani kivutwe au kibanwe. Mwaka 1569 Gerardus Mercator alichora ramani kwa ajili ya mabaharia, akazilinda pembe ili nahodha aweze kushika njia ya dira kwa mstari ulionyooka. Kwa kazi hiyo ramani yake ni njema. Lakini ili kuzilinda pembe ilimbidi auache ukubwa, na nchi zilizo karibu na ncha za dunia zikafura. Katika ramani ya namna hiyo Greenland huonekana karibu sawa na Afrika nzima, hali Afrika ina eneo la kilomita za mraba milioni 30 hivi, na Greenland ina milioni 2 na kidogo. Yaani Afrika huizidi mara 14 hivi. Chombo cha baharini kilipofanywa picha ya ukutani, vizazi vya watoto vilijifunza udogo wa bara lao kabla ya kujifunza jina lake. Mwaka 2025 Umoja wa Afrika uliunga mkono wito wa kutumia ramani zinazotunza ukubwa wa nchi.

Wapo watakaosema kuwa hilo nalo ni suala la upande: Mzungu alichora kwa upande wake, nasi tuchore kwa upande wetu. Sisi hatukubali. Tukisema hivyo tumeitupa silaha iliyo bora mikononi mwetu. Kilomita za mraba za Afrika si maoni ya Waafrika. Ni zile zile ukizipima ukiwa Dodoma au ukiwa London. Kilicho cha upande ni uchaguzi wa kipi kilindwe na kipi kiachwe, na katika uchaguzi huo ndimo lilimo jukumu la kimaadili. Anayelaza kisicholala hana njia ya kukwepa kupoteza kitu. Lakini anayo njia ya kukwepa udanganyifu, nayo ni kusema wazi amepoteza nini, na kwa faida ya nani.

Hukumu ya mashauri ni kazi ya namna hiyo hiyo. Kila taarifa inayoandikwa ofisini hulaza maisha ya watu, yaliyopinda huku na huku, juu ya karatasi bapa. Kwa sababu hiyo twaona mwamuzi ana wajibu wa aina mbili. Wajibu wa kwanza ni kutembea: apande juu ya kuba na ashuke chini yake, asikie ‘mbinuko’ na asikie ‘mbonyeo’, wala asimwite mtu mwongo kwa kuwa tu amesimama mahali pengine. Wajibu wa pili ni kupima: akiisha kuwasikiliza wote, atafute kile ambacho hakikubadilika alipokuwa akihama, na juu ya hicho ajenge uamuzi wake. Mwenye wajibu wa kwanza peke yake atakuwa mpole asiyesaidia mtu, na aliyedhulumiwa atatoka mlangoni kwake kama alivyoingia. Mwenye wajibu wa pili peke yake atakuwa na haraka ya kupima kile asichokiona.

Basi jibu letu kwa swali tulilouliza ni kwamba ukweli una pande mbili kama kuba ilivyo na pande mbili, lakini kuba haikuwa kuba kwa sababu ya pande hizo. Walimu wanaofundisha maneno haya mawili wasichoke kuwauliza watoto, kila waonapo umbo lililopinda: unalionaje kutoka hapo ulipo, mwenzako analionaje kutoka kule aliko, na ni kitu gani mnachokiona sawasawa nyote wawili? Mtoto aliyezoea kuuliza hilo la tatu, siku atakapokuwa mkulima hatapunjwa kwa gunia, na siku atakapokuwa hakimu hatapunja.